Eti "shemeji mwenye bahati"! Yule bwana anatuonaje?

Wakuu, mliokuwepo ukumbini jana mnamjua, sina haja ya kumtaja. Yuleyule wa miwani utosini, ambaye akishika kipaza sauti hata msibani hakiachi. Kaongea kuhusu Vincent van Gogh, yule mchoraji, mpaka wajukuu wangu ambao hawajazaliwa wamechoka. Mama mmoja akauliza kwa adabu: mbona Johanna, mke wa Theo mdogo wake Vincent, hujamgusa? Bwana mkubwa, sambusa mdomoni, akapunga mkono: "Aah, yule? Shemeji mwenye bahati tu."

Na watu wakacheka!

Bahati ipi? Vincent kafa Julai 1890. Theo, mume wa huyo dada, kamfuata Januari 1891. Mjane wa miaka 28, mtoto hajatimiza hata mwaka, nyumba imejaa picha ambazo wanunuzi hawazitaki. Karudi Uholanzi, pale Bussum kafungua nyumba ya kulaza wageni, picha za shemeji kazitundika humohumo ukutani, wageni wapate kula huku wakiziangalia. Wageni wakilala, anapanga barua za marehemu. 1905 kasimamisha onyesho pale jumba la makumbusho la Stedelijk, Amsterdam, picha zaidi ya 400. 1914 katoa barua kitabuni. Yale maua ya alizeti aliyochora Vincent, mnayopigia selfi London, yako pale kwa sababu 1924 alikubali kuyauza, roho ikimuuma.

Halafu mtu anapunga mkono! Wenye sambusa!

Mzee_wa_Kahawa: Mleta uzi punguza povu. Sambusa ilikuwa ya nyama au ya viazi?

BintiPwani: Mimi nilikuwa kiti cha nyuma yake. Ya nyama. Na alichukua nne kwenye leso.

Kalamu_Kavu: Huyo Johanna ana nafuu, wa kumlilia ni mke wa Tolstoy, yule mwandishi wa Urusi. Watoto 13, shamba juu yake, na ule mswada mnene wa vita vya Napoleon akaunakili kwa mkono, mzee akichafua anaanza tena. Mwisho mzee katoroka usiku, 1910, kaugulia kwenye kituo cha treni. Mke kafika, akazuiwa mlangoni mpaka mzee amepoteza fahamu. Hata hicho ni bahati?

Mleta uzi: Kalamu, ubarikiwe. Ila yule wa jana angesema "alikuwa karani tu". Huku anatafuna!

Chapa_Ilale: Mmeniharibia ndoa. Mke wangu ndiye ananichapia miswada. Kausoma uzi huu, kaniletea ankara, kuanzia riwaya ya kwanza.

BintiPwani: Lipa shemeji. Na chai ameziweka?

Chapa_Ilale: Kaziweka. Na vocha za intaneti.

Mzee_wa_Kahawa: Mleta uzi, kusema kweli wewe umenuna kwa sababu hukupewa nafasi ya kuuliza. Mkono ulikuwa juu muda mrefu tukadhani unazuia feni.

Mleta uzi: Mzee wangu shikamoo, lakini hapo umenikosea.

Mzee_wa_Kahawa: Marahaba mwanangu. Feni yenyewe mbovu.

Dereva_Msomi: Feni? Mnalalamikia feni na nje walitutoza maegesho wakati kadi ya mwaliko imeandikwa bure? Nani ana risiti?

Chapa_Ilale: Mimi nilitozwa mara mbili, kuingia na kutoka. Risiti hawakutoa.

Dereva_Msomi: Basi nafungua uzi wake. Njooni huko.