PCSX2 ni ya bure: mafundi wa Lubumbashi, acheni kuwauzia watoto na kuwazimia antivairasi

Ndugu zangu wa Lubumbashi, Likasi, Kolwezi na kwingineko, nafungua uzi huu nikiwa na hasira na sina haja ya kuificha. PCSX2, ile programu (emuleta) inayoiwezesha kompyuta kucheza michezo ya PlayStation 2, yaani PS2, haiuzwi. Ni ya bure tangu ilipoanza mwanzoni mwa miaka ya 2000, msimbo wake uko wazi kwa yeyote anayetaka kuusoma, na walioitengeneza hawajamtuma mtu mjini kwetu awakusanyie dola. Anwani yake ni pcsx2.net. Unaingia, unapakua, umemaliza.

Lakini zunguka mjini, kuanzia katikati hadi mitaa yetu ya Kenya na Katuba, utawakuta mafundi wanaotoza dola 20 kuinstoli programu hiyo hiyo, na juu yake dola moja moja kwa kila mchezo. Wengine wanawaambia watoto kwamba wamelipia leseni. Ni uongo mtupu, hakuna leseni ya kulipia. Mtu angefanya kazi ya kweli ningenyamaza, kila fundi ale jasho lake. Kumtolea mteja nakala ya diski zake, kumpangia maneti, yaani vidude vya kuchezea vya mkononi, kumweleza mashine yake inaweza nini na inashindwa wapi, hiyo ni kazi na ina bei yake. Wanachofanya hawa ni kitu kingine kabisa.

Mdogo wangu alipeleka laptopu ya nyumbani kwa mmoja wao. Jina lake nitalihifadhi. Laptopu hiyo baba anaifanyia hesabu za biashara, na dada yetu anaandikia TFC yake, ile kazi ya kumalizia masomo ya chuo. Ilirudi na alama ya PCSX2 kwenye skrini, mchezo wa mpira unafunguka, mtoto anaruka kwa furaha. Haukupita muda, feni ikaanza kuvuma hata kama hakuna programu iliyofunguliwa. Nikifungua Gestionnaire des tâches, ile inayoonyesha programu zinazofanya kazi ndani ya mashine, feni inatulia. Nikiifunga, baada ya muda mfupi inaanza tena. Aliyezoea mambo haya ameshaelewa: kuna kitu kinachimba sarafu za mtandaoni kwa nguvu ya prosesa yetu, na kinajificha kikiona kinachunguzwa. Na umeme wetu mnaujua. Kwa delestaji hii, huku kukatiwa umeme kwa zamu, betri ndiyo tegemeo, na betri iliyokuwa ikimpa dada jioni nzima ya kuandika ikawa inakwisha kabla hajamaliza ukurasa.

Nikaingia Sécurité Windows, kisha Protection contre les virus et menaces, nikashuka hadi kwenye Exclusions. Hapo ndipo zinapoorodheshwa folda ambazo antivairasi imeamriwa isiziangalie. Kulikuwa na mstari mmoja tu: C:\. Diski nzima! Maana yake Windows imeambiwa ifumbe macho kwa kila kilichomo ndani ya mashine, leo na kesho, hata fleshi ya mtu ikileta uchafu mwingine na kuumwagia humo humo. Alama ya kijani inaendelea kuonyesha kwamba ulinzi unafanya kazi, na baba anaamini.

Nilimfuata fundi mwenyewe. Akanijibu kwa utulivu kabisa: "Yaya, ile haina neno. Antivairasi haipendi emuleta, lazima tuizime." Nasema hadharani, kwa ajili ya kila mzazi anayesoma hapa: huo ni uongo. PCSX2 iliyotoka kwenye anwani yake halisi haihitaji kuzimiwa antivairasi. Vivyo hivyo Dolphin ya michezo ya GameCube na Wii, vivyo hivyo PPSSPP ya PSP. Fundi akikwambia lazima aizime, jua kuna faili analoleta ambalo antivairasi imeshalitambua. Chukua laptopu yako uondoke.

Faili hizo zinatoka wapi? Mara nyingi ni hadithi ya BIOS. PlayStation 2 ina programu yake ya msingi ndani ya chipu, faili la megabaiti 4 hivi, na bila nakala yake PCSX2 haichezi chochote. Programu hiyo ni mali ya Sony, ndiyo maana watengenezaji wa PCSX2 hawaitoi pamoja na emuleta. Wanakutaka uitoe kwenye konsoli yako mwenyewe. Pengo hilo ndilo matapeli wanaloishi ndani yake. Andika "BIOS ya PS2" kwenye intaneti uone: kurasa zenye vitufe vitano vya kupakua na vyote vya uongo, faili la zipu lenye nywila, ukilifungua unakuta programu ya .exe. BIOS haiwi .exe hata siku moja! Ni faili la data, kwa kawaida .bin, linakaa kwenye folda na kusomwa na emuleta. Halibofywi likajifungua lenyewe. Fundi anayejiita fundi asipojua hilo, anatoza dola 20 za nini?

Na konsoli zenyewe tunazo. Sony iliuza zaidi ya milioni 150 duniani, nyingi zilifika kwetu mitumba kutoka Ulaya, na hadi leo kuna nyumba ambazo PS2 imelala chini ya kabati kwa sababu jicho la kusomea diski limechoka. Igeuze, usome chini: SCPH-30004, SCPH-70004, SCPH-77004 na kadhalika, ile 4 ya mwisho ni ya Ulaya. Konsoli hiyo kama inawaka tu, BIOS inatoka. Unahitaji memori kadi yenye FreeMcBoot, inayoiruhusu konsoli kufungua programu zisizo za Sony, programu ndogo ya kunakili BIOS, na fleshi iliyofomatiwa FAT32. Inakwenda polepole kwa sababu tundu la USB la PS2 ni la kizamani, USB 1.1, lakini BIOS ni ndogo. Baadhi ya zile za mwisho, SCPH-9000x, zinaikataa FreeMcBoot. Kwa hizo kuna FreeDVDBoot iliyotoka 2020, inayopitia kwenye kichezeshi cha DVD cha konsoli yenyewe, ila hapo jicho la diski liwe zima. Hiyo ndiyo kazi ya fundi ninayoiheshimu. Nionyesheni mmoja mjini anayeifanya, nitampelekea wateja kwa mkono wangu.

Diski nazo ni hivyo hivyo. Ile yenye mgongo wa fedha ni DVD, weka kwenye kompyuta yenye kisomaji, itoe kama ISO, faili moja lenye diski nzima. Yenye mgongo wa buluu ni CD, nayo inatolewa kama faili mbili, BIN na CUE. DVD ya safu moja inaweza kufika gigabaiti 4.7. Kwa bei ya mega hapa kwetu, mtu anapakua mchezo ambao diski yake iko kwenye droo ya kaka yake! Ukishaitoa unaweza kuibana kuwa faili dogo zaidi la aina ya CHD bila kupoteza kitu, na PCSX2 ya sasa inaisoma.

Ya sasa, nasema, kwa sababu mdogo wangu aliwekewa toleo la 1.4, la mwaka 2016. Ni la enzi za plagini, vile vipande vya kuongezea, unapochagua moja ya picha, nyingine ya sauti, nyingine ya maneti, na ukikosea moja tu mchezo unagoma. Toleo la 2.0 lilitoka Julai 2024. Plagini zimeondolewa, kila kitu kiko ndani, na lina hazina ya marekebisho kwa michezo mbalimbali yanayojiwasha yenyewe ukifungua mchezo husika. Linahitaji Windows 10 ya biti 64 kwenda juu na prosesa yenye amri za SSE4.1. Mashine yetu ilikuwa na vyote viwili. Kwa nini akaweka la 2016? Kwa sababu liko kwenye fleshi yake tangu zamani, analihamisha kutoka laptopu hadi laptopu pamoja na takataka zake zote, kama sindano moja inayodunga mtaa mzima.

Halafu wauzaji wa laptopu. Hapa naomba wazazi wasome polepole. PS2 ilipotoka Japani Machi 2000, prosesa yake ilikuwa na kasi ya megahetsi 294 hivi. Muuzaji anaikamata namba hiyo na kumwambia mama wa watu: "Mama, hii ina gigahetsi 1.6, ni zaidi ya mara tano, itacheza bila shida." Mama anatoa makuta. Mashine ni Celeron ndogo ya kuandikia barua, imeingilia mpakani Kasumbalesa na mizigo mingine, na mchezo ukianza wachezaji wanatembea kama wako ndani ya maji na sauti inakatikakatika.

Sababu iko wazi. Ndani ya PS2 hakuna prosesa moja tu. Kuna Emotion Engine (EE), prosesa kuu, yenye vitengo viwili vya mahesabu ya vekta, kuna Graphics Synthesizer inayochora picha, kuna prosesa ya familia ile ile ya PlayStation ya kwanza inayoshughulikia diski na maneti, kuna chipu ya sauti. Vyote vinakwenda kwa pamoja. Emuleta inatafsiri amri za kila kimoja na kuhakikisha hakuna kinachomtangulia mwenzake, na sehemu kubwa ya mzigo huo inaangukia kiini kimoja au viwili vya prosesa yako. Kinachohesabika ni nguvu ya kiini kimoja kimoja. Viini vinane dhaifu havisaidii, na gigahetsi peke yake haisemi chochote kuhusu prosesa ya kizazi gani.

Wanajua mashine haiwezi, ndiyo maana wana ujanja wa kuificha. Kwenye mipangilio kuna EE Cycle Skipping. Ukiipandisha juu, emuleta inaruka sehemu ya kazi ya prosesa, namba ya kasi inaonyesha asilimia 100, mteja anaonyeshwa "unaona? fremu 60 kamili," na wakati huo huo mpira wenyewe unasogea kwa kusitasita. Namba ni ya uongo. Nilikuta imewekwa kwenye ngazi ya juu kabisa kwenye laptopu yetu. Nilipoirudisha sifuri na kuweka picha kwenye ukubwa wake wa asili badala ya mara tatu aliyoiweka yeye, mchezo ulikimbia vizuri zaidi ya alivyouacha. Hakujua hata hilo, au hakujali.

Mwenye mashine dhaifu kweli aambiwe ukweli: weka PPSSPP. Imekuwapo tangu 2012, haihitaji BIOS kabisa, na inakwenda hata kwenye laptopu ambazo PCSX2 inazishinda. Michezo ya mpira ya PSP ipo tele. Lakini fundi hasemi, kwa kuwa mtoto amekuja na neno PS2 mdomoni na dola 20 mkononi.

Jambo dogo la watu wa kwetu: kibodi zetu ni AZERTY, na vitufe vya mwanzo vya PCSX2 vimepangwa kwa QWERTY. Ukiona mchezaji haendi mbele, nenda kwenye mipangilio ya maneti uvipange upya. Kuna mtoto alitozwa dola 5 kwa hilo peke yake.

Ninachotaka ni hiki. Mafundi, futeni matoleo hayo ya 2016 kwenye fleshi zenu, na muondoe kila exclusion mliyoweka kwenye mashine za watu. Rudisheni pesa pale mlipouza leseni isiyokuwapo. Wenye chaneli za video za Kiswahili, ondoeni viungo vya BIOS mlivyoweka chini ya video zenu. Mnalipwa kwa kila mbofyo na mnajua vinakopeleka watu.

Na ninyi mnaosoma: ambaye laptopu yake imepitia kwa fundi wa namna hii afungue ukurasa wa Exclusions sasa hivi, aondoe asichokijua, aendeshe ile analyse hors connexion ya Microsoft Defender, uchunguzi unaofanyika kabla Windows haijawaka, na aandike hapa chini amekuta nini. Jina la fundi msiliweke. Wekeni mtaa, mlilipa kiasi gani, na toleo mlilowekewa.