Uzi wa malalamiko: Mnaosimamia jiko la mkaa, acheni kutuharibia skonzi!

Wakuu, salamu kwenu. Hasira hii nimelala nayo, nimeamka nayo, na nyumbani wameshachoka kunisikiliza. Naileta hapa kwa sababu najua humu wamo wanaochoma baga na soseji uani kila wapatapo nafasi, na wengi wenu mnafanya kosa lile lile lililonitoa machozi jana.

Shemeji yangu alialika watu nyuma ya nyumba yake. Kila mmoja akapangiwa la kuleta, mimi nikaombwa skonzi za baga. Nikasema sizinunui, nazioka mwenyewe. Ijumaa usiku nikakanda kilo 2 za unga kwa maziwa, mayai, siagi na hamira, nikauacha unga uumuke polepole kwenye friji usiku kucha. Saa kumi na moja alfajiri niko macho nakata madonge, gramu 90 kila moja, madonge 40. Nikayaviringa, nikayasubiri yaumuke tena, nikayapaka yai, nikaoka. Zilipopoa nilikuwa nazibonyeza kwa kidole zinarudi juu zenyewe. Nilifurahi kama mtoto, sisemi uongo.

Mchana nikamkabidhi bwana aliyekuwa na koleo. Huyu bwana nyama yake alikuwa ameihangaikia tangu juzi yake. Ameisaga mwenyewe, ameipima, ana kipimajoto cha kuchoma katikati ya nyama, ana brashi ya mchuzi, ana kila kitu. Skonzi zangu akaziacha mezani, mfuko wazi, jua linapiga. Nikamwambia, "Kaka, zifunike, na ukifika wakati wa kuzibanika niite." Akajibu, "Usijali, mkate ni mkate tu."

Mkate ni mkate tu! Neno hilo ndilo lililonileta hapa.

Nyama zilipoiva, mafuta yanadondoka kwenye makaa, ndimi za moto zinapita juu ya wavu, yeye akazimwaga skonzi kama kumi na mbili kwa mkupuo mmoja juu ya miali ile ile. Nyingine uso uliokatwa uko chini, nyingine kofia iko chini, nyingine hazijakatwa hata kidogo. Akageuka kumsalimia mtu. Kabla hajamaliza salamu, zote nyeusi tii! Tena weusi wenyewe ulikuwa na masizi, maana mafuta yanayowaka hutoa moshi mzito unaoganda kwenye chochote kilicho juu yake. Katikati ya skonzi bado ni baridi, juu ni mkaa. Akachukua kisu akaanza kukwangua. Mtu akishaunguza mkate hivyo, kukwangua hakusaidii, uchungu umeshaingia. Na si ladha peke yake. Watafiti wa Uswidi walitangaza mwaka 2002 kwamba vyakula vya wanga vikipikwa kwa joto kali hutengeneza akrilamaidi, kemikali inayoshukiwa kudhuru afya, na mkate kadiri unavyozidi kuungua ndivyo inavyoongezeka. Kwa nini uwalishe watoto wa watu kitu kile?

Baada ya hapo akaogopa. Nyingi ya zilizobaki akazigawa mbichi, yaani hazijaguswa na moto kabisa. Nyama inachuruzika maji yake, juu yake nyanya, juu yake mchuzi, na chini kuna kitako cha mkate laini kisicho na kinga yoyote. Mpwa wangu wa miaka sita alinyanyua baga yake, kitako kikakatika, nyama ikaanguka mchangani, akabaki ameshika kofia tupu. Alilia. Halafu mgeni mmoja, bila kujua nimesimama nyuma yake, akasema skonzi za leo si nzuri, zimelegea.

Zimelegea! Wakuu, niliziamkia alfajiri.

Sasa naomba mnisikilize, maana sitaki kulalamika bila kueleza. Skonzi ya baga hukutana na moto kwa kazi maalumu. Ule uso uliokatwa una matundu madogo madogo kama sponji, na sponji hunywa. Ukiubanika vizuri, tabaka la juu hukauka na kukaza, hivyo maji ya nyama yanachelewa kupenya. Unapata dakika kadhaa za kula kwa amani kabla kitako hakijalowa. Ndani panabaki laini, juu panakatika kwa mlio mdogo chini ya jino. Hicho ndicho alichokosa yule mtoto.

Na ladha je? Ile rangi ya kahawia mnayoiona ni mmenyuko kati ya sukari na protini zilizomo kwenye mkate. Aliyeueleza ni mkemia Mfaransa, Louis-Camille Maillard, mwaka 1912, na ndio huo huo unaoipa nyama harufu mnayoisifia. Kwa hiyo bwana mwenye koleo anapoihangaikia rangi ya nyama na kuupuuza mkate, anapigania nusu ya baga na kuitupa nusu ya pili. Mmenyuko huo huanza kushika kasi joto linapofika karibu nyuzi 140 za Selsiasi. Lakini uso wa mkate ukiwa bado na maji, joto lake halipandi sana kupita nyuzi 100, maana nguvu yote inaishia kuyageuza maji kuwa mvuke. Lazima ukauke kwanza, ndipo ubadilike rangi. Ndiyo maana unatakiwa moto wa wastani unaokausha kwa utulivu. Miali inaunguza ngozi kabla kilicho chini yake hakijapata hata joto.

Kuna jambo jingine ambalo nilimwambia na hakulisikia. Skonzi zenye mayai, maziwa na sukari huiva rangi haraka kuliko mkate wa unga na maji peke yake, kwa sababu zina sukari na protini zaidi. Ukizibanika kwa muda uliouzoea kwa mkate mkavu, umeziunguza. Hizi unazisimamia kwa macho, huzipi mgongo.

Basi moto wenyewe ukae vipi? Sukuma makaa mengi upande mmoja wa jiko, upande wa pili uache machache au usiweke kabisa. Nyama zikae upande mkali, mkate ukae mpakani au upande mpole, ambako hakuna mafuta yanayodondoka. Weka kiganja kama sentimeta 10 juu ya wavu uhesabu. Ukiweza kuvumilia sekunde 5 hadi 7, hapo pa skonzi. Ukiondoa mkono ukiwa sekunde ya pili, hapo ni pa nyama, usithubutu. Uso uliokatwa unatangulia chini, unaukandamiza kidogo sana kwa kiganja ili wote uguse chuma, kisha unachungulia baada ya sekunde 20. Kwa kawaida haizidi dakika moja. Kofia na mgongo wa kitako vinahitaji kupashwa tu, sekunde 10 hivi, basi. Na wavu uusugue kwanza! Mabaki ya nyama ya jana yakishikamana na skonzi yanaichana na kuipaka uchungu.

Kama una bamba la chuma au kikaango kizito, kiweke juu ya makaa uzibanike humo. Mimi binafsi naona ndiyo njia bora kuliko wavu, kwa sababu uso wote unagusa joto sawasawa na hakuna mwali unaofika. Wanaopenda harufu ya moshi watabisha. Wabishe, moshi utatoka kwenye nyama.

Kuhusu mafuta nitasema wazi, maana hapa pia nimeona ukatili. Yule bwana, baada ya kuunguza zile za kwanza, aliyeyusha siagi akaimimina juu ya skonzi mbili tatu kama anamwagilia bustani. Siagi iliyoyeyuka inazama ndani, mkate unalowa kabla ya kuiva, na inayobaki inadondoka kwenye makaa na kuamsha miali. Siagi ipakwe ikiwa laini, tabaka jembamba, mpaka ukingoni, kwa sababu ukingo usiopakwa ndio unaokauka na kuungua wa kwanza. Mkumbuke pia kwamba siagi si mafuta matupu. Karibu asilimia 80 ni mafuta, sehemu kubwa ya kinachobaki ni maji, na kuna chembe za maziwa ambazo ndizo zinazoungua upesi. Kama moto wako ni mkali kidogo, tumia samli, ambayo maji na chembe hizo zimeshatolewa. Mayonezi nayo inafanya kazi nzuri sana. Ni mafuta na yai vilivyoshikana, haikimbii, inaenea sawasawa, na ikishaiva ladha yake haisikiki. Nimeijaribu mara nyingi kwa mkono wangu.

Wapo pia wale wanaobanika saa nzima kabla wageni hawajakaa, eti wawahi. Nao nimewakasirikia. Mkate unapokaa, wanga wake hujipanga upya na kukakamaa, na hilo halitokani na kukauka peke yake. Mkemia mwingine Mfaransa, Boussingault, alionyesha mwaka 1852 kwamba mkate hukakamaa hata usipopoteza maji. Moto huulainisha tena, wanga ukifika nyuzi 60 na zaidi, ndiyo maana skonzi ya jana ukiipasha inarudi uhai. Ila uhai huo ni wa muda mfupi. Ikipoa tena inakuwa ngumu kuliko mwanzo. Kwa sababu hiyo hiyo msiziweke skonzi kwenye friji, maana baridi ya friji ndiyo inayoharakisha kukakamaa. Za kesho zifungeni vizuri ziwekwe kwenye friza zigande, au zikae nje mfukoni.

Wakati sahihi mnao tayari, ila hamuutumii. Nyama ikitoka motoni inatakiwa kupumzika kama dakika tano ili maji yake yatulie. Dakika hizo tano ni za mkate! Wavu uko wazi, moto umepoa kidogo, mikono iko huru. Badala yake watu wanakwenda kufungua soda na kupiga picha.

Halafu ule mtindo wa kuzitia kwenye chombo cha kuhifadhi joto na kufunika. Hilo lilinimaliza kabisa, maana skonzi chache zilizokuwa zimeiva vizuri, na zilikuwapo nne au tano, shemeji alizifungia humo "zisipoe". Mkate wa moto unatoa mvuke, mvuke unagonga kifuniko, unakuwa maji, unarudi juu ya mkate. Lile tabaka kavu ulilolihangaikia limekwisha. Kikapu na kitambaa kikavu vinatosha, nyuso zilizokatwa zikitazama juu, zisirundikwe.

Hata kukata kuna watu wanaharibu. Kisu butu kinaikamua skonzi. Tumia kisu chenye meno, kata mkate ukiwa umepoa, na kitako kiache kinene kidogo kuliko kofia kwa kuwa ndicho kitakachobeba maji. Zangu nilitaka kuzikata mwenyewe, nikaambiwa nipumzike, nimeshafanya kazi ya kutosha.

Kinachoniuma ni kwamba sikuombwa radhi. Nyama ingeungua, watu wote wangesikitika, angetafutwa mchawi. Skonzi 12 zikaishia kwenye ndoo ya taka na hakuna aliyeinua nyusi. Mnaooka mnanielewa. Mkate nao umepikwa na mtu.

NYONGEZA: Nimesoma majibu yenu. Anayesema nisusie kuoka, hapana, sisusii, napenda kuoka na nitaendelea. Anayeuliza jiko la gesi, mambo ni yale yale. Washa upande mmoja, upande mwingine uzime au uwe mdogo, banika huko. Anayesema watu ni wengi hawezi kubanika kwa zamu, jana tulikuwa ishirini na wavu unabeba skonzi kumi zilizokatwa bila kubanana. Dakika moja kila zamu. Hesabu mwenyewe.

NYONGEZA 2: Shemeji amenipigia sasa hivi. Kumbe ameusoma uzi huu, na hajakasirika. Amesema Jumamosi wanachoma tena na ananiomba skonzi nyingine. Nimemwambia nitaoka 40 kama zile, kwa sharti moja, kwamba nyama ikishatoka, lile koleo nakabidhiwa mimi na mtu yeyote asiguse wavu mpaka nimalize. Amekubali. Yule bwana bado hajasema kitu.