Tupeane uzoefu: mwezi wenye nundu umekusaidia au umekuharibia usiku?

Mama Gorogoro (Kisumu)

Hamjambo wadau. Mimi nauza omena, wale dagaa wa Ziwa Victoria, katika soko la Kibuye, na bosi wangu ni mwezi. Mwezi mwandamo una wenyewe wanaoungojea. Mwezi mpevu umeimbwa vya kutosha. Ninaotaka tuuzungumzie ni ule wa kati: umeshapita nusu lakini haujajaa, au ulijaa na sasa umeanza kupungua. Upande mmoja umetuna, upande mwingine umekatika kidogo. Mwezi hukaa na umbo hilo karibu wiki mbili katika kila mzunguko wa siku 29 na nusu, lakini sijawahi kusikia mtu akiusifu.

Kwetu sokoni ukionekana hivyo tunajua gorogoro, kopo letu la kupimia, itapanda bei, kwa kuwa mitumbwi inaanza kukaa ufuoni. Omena huvuliwa gizani kwa taa. Sasa nataka kusikia kwa wengine: walinzi, madereva, wakulima, wa misikitini, walimu. Huu mwezi wa nundu unawafanyia nini?

Mzee wa Dunga

Mama, umeanza vizuri lakini umechanganya miezi miwili. Mwezi wenye nundu ni wa aina mbili, na tofauti yake ndiyo chakula cha watoto wangu.

Kuna unaokua. Huo jua likizama tayari uko juu, unakutazama. Ukitoka nao ziwani unakesha bure. Iwe karabai ya zamani, iwe hizi taa za sola za siku hizi, zote zinashindwa, kwa sababu mwanga wa mbalamwezi umetapakaa juu ya maji yote na omena hawana haja ya kukusanyika kwenye taa yako. Inabidi ungoje uzame. Siku ya nne baada ya nusu ya kwanza unazama kama saa 10 alfajiri. Sasa kati ya saa 10 na mapambazuko utavuta wavu mara ngapi?

Halafu kuna unaopungua. Siku ya kujaa mwezi huchomoza jua linapozama, huku kwetu ni mnamo saa 1 kasorobo. Baada ya hapo unachelewa kila siku, kama dakika 50. Siku ya pili baada ya kujaa utauona saa 2 na nusu usiku hivi, siku ya nne saa 4. Kwa hiyo giza linakuja mwanzoni mwa usiku, na kila siku linarefuka. Sisi ndipo tunaporudi ziwani. Tunashusha taa giza likiingia, tunavuta kabla mwezi haujapanda, tunarudi nyumbani na usingizi bado tunao. Vijana wanaopenda kutazama umbo tu angani huona mwezi ni mkubwa na kubaki kitandani. Umbo ni lile lile, saa ndiyo imebadilika.

Hayo yote ni nje ya miezi ya kufunga. Kuanzia tarehe 1 Aprili hadi 31 Julai uvuvi wa omena huwa umefungwa, mwezi uwe na nundu au usiwe nayo.

Soja wa Bahati

Mzee amesema ukweli mtupu. Mimi nalinda shamba la mahindi huku Bahati, nje kidogo ya Nakuru, na wezi nao wanajua hesabu hiyo ya dakika 50. Usiku wa mwezi mpevu hakuna shida, unaona mtu akiwa mbali. Shida ni siku tatu nne baadaye. Mwenye shamba anaona mwezi bado ni mkubwa anapoamka usiku kwenda haja, anasema mwanga upo, hakuna haja ya kuongeza mtu. Hajui kwamba kati ya saa 1 na saa 4 palikuwa giza totoro, na mahindi mabichi huvunjwa saa hizo hizo, watu wakiwa mezani wanakula.

Siku hizo naomba chakula changu niletewe mapema, nakula kabla ya magharibi. Mwezi ukichomoza juu ya miti ndipo nakaa chini.

Jirani

@Soja kwa hiyo umetangazia wezi ratiba yako ya chakula 😂

Soja wa Bahati

Waje. Mbwa hali kwa ratiba.

Mwalimu wa Maseno

Nafundisha sayansi karibu kabisa na ile alama ya ikweta hapa Maseno, na mwezi huu huniletea ubishi darasani kila mwaka. Vitabu vingi huchora mwezi unaokua ukiwa umetuna upande wa kulia na unaopungua ukiwa umetuna kushoto. Mchoro huo ni wa mtu anayeishi mbali kaskazini, Ulaya kwa mfano, ambako mwezi hupita upande wa kusini wa anga na mtu huutazama akielekea huko.

Kwetu mwezi huchomoza na kupanda karibu wima, unapita utosini, unashuka upande wa pili. Upande wenye mwanga daima huelekea liliko jua. Kwa hiyo mwezi unaokua, ukichomoza alasiri, jua liko magharibi, na magharibi ya mwezi wakati huo ni juu. Nundu inakuwa juu na pale palipokatika panakuwa chini. Mwezi huo huo ukienda kuzama baada ya saa sita usiku, nundu imegeuka iko chini. Unaopungua ni kinyume: unachomoza nundu ikiwa chini na umekatwa juu. Huwa umeinama kidogo, upande huu au ule kulingana na majira, lakini kulia na kushoto kwa kitabu hakupo.

Mwanafunzi wangu mmoja wa kidato cha pili alichora alichokiona nyumbani kwao, nundu juu, na katika mtihani wa majaribio wa mahali pengine akapigwa kosa. Mtoto alikuwa sahihi. Nilimwambia achore kitabu kwenye mtihani na achore anga kwenye daftari lake, jibu ambalo mpaka leo silipendi.

Kwa faida ya Mama Gorogoro: ukitaka kujua ni mwezi upi bila kuhesabu siku, toka nje jua likizama. Ukiukuta mwezi umeshapanda mashariki na una nundu, huo unakua. Usipouona kabisa, halafu ukaja baadaye ukiwa umekatwa juu, huo unapungua na kina mzee wameshatoka.

Bint wa Mumias

Assalam aleikum. Nyanya yangu hakuwahi kutumia kalenda ya ukutani, na alipenda zaidi mwezi huu kuliko mwandamo. Mwandamo watu wanabishana: umeonekana, haujaonekana, wa Mombasa wamesema hivi, wa Saudia wamesema vile. Nundu haina ubishi. Kwa kalenda yetu ya Kiislamu Idd kubwa ni tarehe 10 ya Mfungo Tatu, Maulidi ni tarehe 12 ya Mfungo Sita, na zote mbili huangukia mwezi ukiwa umepita nusu na bado haujajaa. Kwa hiyo tukitoka kwenye Maulidi usiku kulikuwa na mwanga wa kututembeza mpaka nyumbani, mwaka baada ya mwaka. Nyanya alikuwa akisema aliyepanga tarehe hizo aliwaonea huruma wanawake wenye watoto mgongoni.

Tena aliuangalia mwezi kwa ajili ya saumu za siku nyeupe, tarehe 13, 14 na 15 za mwezi wa Kiislamu. Alikuwa akitoka uani, anautazama, anarudi na kusema, "Bado kipande, kesho kutwa tuweke nia."

Deri wa Magharibi

Upande wa Wakristo ni kinyume, Bint. Pasaka ni Jumapili inayofuata mwezi mpevu wa kwanza kuanzia tarehe 21 Machi, kwa hiyo ikifika Jumapili yenyewe mwezi umeshajaa na kuanza kupungua. Naendesha gari la abiria usiku, Kisumu kwenda Nakuru na kurudi. Jumatatu ya Pasaka ndiyo ya kurudisha watu mjini, gari zimejaa, watu wamechoka, na mwanzo wa safari ni giza. Mara nyingi mwezi unanichomozea mbele nikiwa nimeshapita Ahero, mwekundu, umekatwa juu. Huo mwanga wa mbele haunisaidii barabara, unanichosha macho tu. Ninaoupenda ni ule unaokua, nikirudi Kisumu usiku wa manane: unashuka mbele yangu taratibu, na ukungu wa Mau Summit ukiwa mwepesi naona ukingo wa barabara bila kuwasha taa kubwa.

Fundi Mianzi (Bungoma)

Sisi tunakata mianzi na miti ya kujengea mwezi ukipungua tu. Ukikata ukiwa unakua, dumuzi, wale wadudu wa kutoboa mbao, wanaingia. Baba alikata hivyo, babu alikata hivyo.

Mwalimu wa Maseno

Fundi, heshima kwa mzee, lakini dumuzi hufuata wanga ulio ndani ya mwanzi. Mianzi iliyokomaa, ikakatwa kiangazi na kukaushwa vizuri, hudumu. Je, umewahi kukata wakati unakua ukaweka pembeni kulinganisha?

Fundi Mianzi (Bungoma)

Mteja atanilipa nifanye majaribio na nyumba yake? Nakata ukipungua.

Darubini ya Lanet

Nina darubini ndogo ya mkono na naishi Lanet, kwa hiyo niruhusuni niseme jambo moja ambalo watu hawaamini. Ule usiku wa nusu mwezi, mnadhani mwanga ni nusu ya mwezi mpevu? Ni kama sehemu moja ya kumi tu. Sababu ni vivuli: jua likipiga mwezi kwa ubavu, kila mlima na kila shimo vinatupa kivuli. Ukijaa, jua linaupiga moja kwa moja kutoka upande wetu na vivuli vinajificha. Kwa hiyo nundu inapokua kutoka nusu hadi kujaa, mwanga hauongezeki polepole, unaruka sana siku za mwisho. Soja wa Bahati nadhani ameligundua hilo bila darubini.

Na vivuli hivyo ndivyo vinavyofanya nundu iwe bora kutazama kuliko mwezi mpevu, ambao kwenye darubini ni sahani nyeupe isiyo na habari. Siku mbili tatu baada ya nusu, tazama pale mwanga unapokutana na giza. Kuna shimo linaitwa Copernicus, upana wake kilomita 93. Sisi wa Nakuru tunajivunia Menengai, na ni haki yetu, lakini Menengai ni kilomita 12 hivi kwa upana. Copernicus ingemeza kutoka hapa mpaka Naivasha na kubaki na nafasi. Tofauti nyingine ni asili: Menengai ni volkano iliyoporomoka ndani, Copernicus lilichimbwa na jiwe lililoanguka kutoka angani.

Zuhura nayo huwa na nundu, kwa taarifa yenu. Galileo aliona sura zake zikibadilika mwaka 1610, na nundu hiyo ilikuwa ushahidi mzito kwamba Zuhura huzunguka jua. Kwa macho matupu huwezi kuiona, na darubini yangu haitoshi.

Neno la Kiingereza mnaloliona kwenye programu za simu za mwezi, gibbous, chimbuko lake ni Kilatini na maana yake ni nundu, kama ya ng'ombe wetu wa kienyeji. Mama Gorogoro amepatia jina bila kufungua simu.

Jirani

Na ule usiku mwezi ulipatwa, Septemba 2025? Mimi niliutazama nikiwa Kondele nikaona nundu, nikasema kumbe umeanza kupungua mapema.

Darubini ya Lanet

Tarehe 7, Jumapili. Ulifunikwa wote kuanzia saa 2 na nusu usiku mpaka karibu saa 4. Ulichokiona kabla ya hapo hakikuwa nundu. Angalia mstari wa giza. Kwenye nundu ya kawaida mstari huo umetuna kuelekea gizani, mwezi umebaki na tumbo pande zote mbili. Kwenye kupatwa, kivuli cha dunia ni duara kubwa linalouma kuelekea ndani, kwa hiyo mwezi unabaki na pengo. Na kupatwa kunabadilika ukiwa umesimama hapo hapo. Nundu ungeisubiri mpaka kesho yake.

Mama Gorogoro (Kisumu)

Nimesoma yote, nyingine mara mbili. Mzee wa Dunga, mimi nilikuwa nangoja mwezi upungue kabisa ndipo nishuke ufuoni na pesa, na huwakuta wanunuzi wa Nakuru wameshabeba. Kumbe mnaanza siku ya tatu baada ya kujaa.

Mzee wa Dunga

Ya tatu au ya nne, upepo ukikubali. Lakini siku ya kwanza ya kutoka usije na pesa nyingi, omena huwa kidogo na kila mtu amekaa siku nyingi bila kuuza, bei iko juu. Njoo siku ya sita. Mwezi unachomoza karibu saa 6 usiku, tumepata saa nne za giza na zaidi, na jua la asubuhi likiwaka omena zinakauka siku hiyo hiyo. Ukikuta mawingu usinunue za kuanika, nunua zilizokauka jana.

Mama Gorogoro (Kisumu)

Siku ya sita basi. Nitaleta gorogoro yangu mwenyewe, ile ya ufuoni imebonyezwa chini.

Mzee wa Dunga

Hiyo sasa fungua mada nyingine, mama.