Mustari mwekundu mu drapo (bendera) ya Congo inapanda ao inashuka? (fundi naomba musaada)

FundiKatuba (Lubumbashi)

Jambo bakubwa na badogo. Mi niko fundi wa kushona, niko na atelye kidogo mu Katuba, kazi yangu ya kila siku ni liputa za bamama na uniforme za batoto ba masomo. Sasa kulikuya prefe (mukubwa) wa masomo moja (jina naacha) akanipatia komande ya drapo kumi na mbili, za metre moja moja, juu ya kutembea na batoto tarehe 30 ya mwezi wa sita. Mi sikushonaka drapo hata siku moja lakini nikajiambia hii ni kazi gani, kitambaa ya bleu, mustari mwekundu, nyota, basi. Nikatafuta foto mu telefone, nikaweka telefone pembeni ya mashini, nikapima, nikakata. Siku tatu kura (umeme) inaenda inarudi, usiku nakanyaga mashini ya miguu na buji. Nyota nilikatia mufano ku karton, nikashona pande zote mbili ili na mwenye kupita nyuma aione.

Siku ya kupeleka, prefe anainua moja, anaangalia, anacheka, asema "fundi, hii mustari yako inashuka, drapo ya inchi haishukake, inapandaka". Mi nachukua drapo naweka ku meza, telefone pembeni: iko sawa na foto kabisa! Yeye anainua tena ku mti: inashuka. Naweka ku meza: inapanda. Nikaona kama ni bulozi. Amenirudishia zote kumi na mbili, anataka na avansi yake, na kitambaa nilishakata.

Maulizo ni mbili. Ya kwanza, hii mustari inafaa kuenda wapi kweli na nani aliandika sheria yake. Ya pili ni ile bleu, mu magazini kuko ya giza, ya kati na ya mawingu, mi nilibebaka ya kati. Baba yangu mukubwa yeye hana shida na mustari, asema drapo ya kweli ni ya nyota sita, hii ingine haijue. Sasa tushike gani?

petit_Likasi

Ya Fundi 😂😂 mwambie prefe akuwe anasimama ngambo ya pili ya mti, mambo imeisha

Mwalimu_wa_zamani (Bukavu)

Fundi, pole sana. Sheria iko, na ni fupi kuliko unavyofikiri. Katiba iliyotangazwa tarehe 18 Februari 2006, kifungu cha kwanza kabisa, inasema drapo ni ya bleu ya mbingu, yenye nyota ya manjano kwenye pembe ya juu kushoto, na inapitwa kwa mshazari na mstari mwekundu uliozungushiwa manjano nyembamba. Basi. Soma tena utaona kitu: haisemi mstari unapanda ao unashuka, wala upana wake, inasema mshazari tu. Nimefundisha hicho kifungu miaka mingi na wanafunzi nusu walikuwa wanachora mstari kama njia ya kushuka Ruzizi. Nilikuwa nawaambia hivi: nyota imeshakaa kwenye pembe ya juu kushoto, mstari ukitokea kule utakanyaga nyota, kwa hiyo njia inabaki moja tu, utoke chini kushoto upande mpaka juu kuume. Nyota ndiyo inakuonyesha mstari.

Kuhusu rangi, hapo ndugu yangu umekosa, chukua ile ya mawingu. Bleu iliyokolea ni ya drapo iliyokuwa na mstari kama huu mpaka 1971, kabla ya Zaire. Walioandika ya 2006 waliirudisha ile ya zamani wakaibadilisha bleu tu. Bleu wanasema ni amani, nyekundu damu ya waliokufa kwa ajili ya inchi, manjano utajiri, na nyota ni umoja na kesho nzuri. Ya amani mimi niko Bukavu, siongezi neno.

Mukubwa_Kamalondo (Lubumbashi)

Mudogo wangu fundi, baba yako mukubwa hakose hata, ye anasema drapo yenye alikuta. Mi mwenyewe nimeona tatu na yangu macho, na marehemu baba aliona zaidi.

Angalia namna ilienda. Ya kwanza kabisa ni bleu na nyota moja ya manjano pa katikati, ilikuwa ya ile shirika ya Leopold, mufalme wa Ubelgiji, tangu 1877, Stanley njo alikuwa anaizungusha ku muto wakati wa kujenga bapositi. 1885 ikakuwa ya inchi ya Leopold. 1908 Ubelgiji ikakamata koloni, ikaleta yao ya rangi tatu, nyeusi, manjano, nyekundu, lakini ile ya nyota haikupotea. 30/6/1960 uhuru: wanachukua ileile bleu na nyota yake munene pa katikati, banaongeza nyota sita za kidogo ku upande wa mti, zimepangwa moja juu ya ingine. Sita juu ya nini? Juu ya maprovense sita: Léopoldville, Équateur, Orientale, Kivu, Katanga, Kasaï. Kisha ikakuya ya mustari, njo ile mwalimu anasema. Kisha 1971 Mobutu anageuza inchi Zaire, muto Zaire, feza Zaire, na drapo ikakuwa majani mabichi, duara ya manjano pa katikati, mukono unashika mwenge wa MPR, chama ya Mobutu. Hapo nyota ikaenda kulala miaka ishirini na sita. 1997 Kabila mukubwa (Laurent-Désiré) akaingia, akarudisha nyota sita, kisha 2006 mustari ikarudi. Kwa hiyo tunaenda tunarudi, kama kura ya Katuba.

Ile ya mwenge mi njo nilikomea nayo. Asubui ku masomo tunapanga mustari, firimbi inalia, drapo inapanda, na hapo mu barabara kila mutu anasimama djuu, velo inasimama, mama mwenye kubeba beseni ya mikate ku kichwa anasimama vilevile na shingo yake imenyooka, hata mbuzi ingekuwa na akili ingesimama. Na magaribi tena wakati wa kushusha. Mutu mwenye haraka alikuwa anajua saa, anapita mbele ya firimbi. Na sasa ku komini banafanya vile vile, lakini mwenye pikipiki anajifanya hasikie.

Na neno moja juu ya zile nyota sita. Kuhesabu maprovense na nyota ni kujitafutia kazi. Marekani walitia nyota ya hamsini tarehe 4/7/1960, siku ine tu kisha uhuru yetu, na kila mara walipata jimbo walishona upya. Sisi 1997 tulirudisha nyota sita na maprovense yalikuwa kumi na moja! Leo katiba inasema 25 na Kinshasa. Fundi ungekufa na zile nyota.

petit_Likasi

Ngoja ngoja. Mukubwa unasema hii nyota yenye tunasalimia ni ya Leopold?? Ile yenye kukata bantu mikono? Sasa juu ya nini tuliilinda

Mukubwa_Kamalondo (Lubumbashi)

Petit, nyumba unarithi na mulango wake. 1960 walikuwa na haraka, na ile bleu na nyota njo bantu walikuwa wanajua kama "Congo", si Ubelgiji. Kuchagua ile ya rangi tatu ya Bazungu nani angekubali? Lakini sikatae, kuko bantu banauliza kama wewe, na mi nawasikia.

Kisanga_243 (Kolwezi)

Na ya Katanga hamuitaje? Ile ya 1960 mpaka 1963, wakati Katanga ilijitenga, ya nyekundu na nyeupe na mustari ya majani mabichi mu mshazari, na misalaba tatu ya shaba pa chini. Kwa kazi ya kuchora, si siasa ee msinirukie, ile njo drapo nzuri kuliko zote zilipitaka mu hii inchi.

Mukubwa_Kamalondo (Lubumbashi)

Kwa kuchora nakubali. Mingi bantu banazania ile misalaba ni ya kanisa. Hapana. Ni feza. Bankambo walikuwa banayeyusha mukuba (shaba), banamwanga mu mufano wa udongo wenye mikono ine, ikipoa inakuwa kama X. Kule Sanga, pembeni ya ziwa Kisale, mu makaburi ya zamani walikuta bamaiti bamelazwa pamoja nayo. Nilishikaka moja siku moja, kitu ya mukono lakini uzito yake inakushangaza. Na Zambia hapa jirani walifikiri vilevile mu 1964, mukuba wao wameweka rangi ya chungwa, na tai iko anaruka juu yake.

Riziki_mshonaji (Goma)

Fundi mwenzangu, hawa wababa wanakupa historia na wewe unataka kulipwa 😅 Miye niko nashona pia, nishashona drapo za mashirika na za harusi za mchanganyiko (bwana wa huku bibi wa ngambo, wanataka drapo mbili mbele ya ukumbi). Jibu kwanza swali moja: upindo wa kupitisha mti uliuweka upande gani? Drapo ikilala kwenye meza, nyota ikiwa juu kushoto, upindo uko kushoto ao kuume?

Maana kushoto ya kwenye katiba ni kushoto kwenye mti. Kama upindo uliutia kuume, kwenye meza itafanana na foto kabisa, lakini ukiitundika nyota inaenda kukaa mbali na mti na mstari unaanzia juu ya mti unashuka. Na ukigeukia nyuma haisaidii, itaendelea kushuka tu, sababu mti unageuka pamoja nayo. Si uchawi, ni upindo.

Wenye mstari wa mshazari karibu wote wanapandisha toka chini ya mti: Tanzania na nyeusi yao, Congo-Brazzaville na manjano yao, Namibia tangu 1990 na nyekundu yao na jua juu kwenye pembe, ile inafanana na yetu mpaka mtu anachanganya. Kushusha ni Trinidad na Tobago, yao inaanzia juu ya mti. Sasa prefe wako alikuwa anapeperusha ya Congo kwa mtindo wa Trinidad.

Ila usichukue hiyo kama sheria ya drapo zote, kila moja na mambo yake. Ya Rwanda ile mpya ya 2001 jua liko mbali na mti, na tai wa Zambia vilevile, ukimleta karibu na mti umeharibu. Saudia wanashona nguo mbili mgongo kwa mgongo ili maandishi yasomeke vizuri pande zote. Paraguay ndio kiboko, mbele alama nyingine, nyuma alama nyingine, fundi wa kule sijui analipwa mara mbili.

Kingine, ile manjano nyembamba kando ya nyekundu usiiache hata kitambaa kikiisha. Najua wengi wanairuka wanasema ni pambo. Jaribu: weka nyekundu juu ya bleu bila kitu katikati, rudi nyuma hatua thelathini, mstari unaanza kupotea, unaona giza moja tu. Tangu zamani za ngao za vita Ulaya walikuwa na kanuni, rangi nzito haikai juu ya rangi nzito, katikati tia manjano ao nyeupe. Angalia Tanzania wana manjano, Namibia wana nyeupe, Kenya wana nyeupe. Miye natia santimetre tatu kwa drapo ya metre moja, kwa macho yangu inatosha.

Kisanga_243 (Kolwezi)

Eeh Riziki umeua. Na wale wenye drapo moja? Chad na ile inchi ya Ulaya

Riziki_mshonaji (Goma)

Romania. Bleu, manjano, nyekundu, zimesimama, zote mbili. Zamani ya Romania ilikuwa na alama ya wakomunisti katikati kwa hiyo hakuna aliyechanganya. 1989 watu walipotoka barabarani wakachukua makasi wakakata alama, drapo zikabaki na tundu katikati, wakatembea nazo hivyohivyo. Kisha wakashona mpya bila alama, ndio ikafanana na ya Chad. Miye kama fundi naipenda sana ile ya tundu, kazi ya makasi tu.

petit_Likasi

Mukubwa nasi 1997 tungekata mwenge tubaki na tundu 😂

FundiKatuba (Lubumbashi)

Bakubwa aksanti sana. Yaya Riziki, Mungu akubariki. Nilitoka pale kwa telefone nikaenda kufungua sachet: upindo zote kumi na mbili ku kuume!! Mi mukono yangu ya kazi ni ya kuume, nikashona pale mukono ilikuwa, sikufikiria mti hata. Nimeanza kubomoa, upindo haina kazi mingi, dakika kumi kila moja. Nimefika ya saba. Bleu njo iko shida, ya mawingu itaniomba kununua upya, nilipigia prefe simu nikamwambia artikle ya kwanza na yote ya mwalimu, kidogo akanyamaza, kisha asema ya bleu ataiacha mwaka huu basi, lakini atakata ku feza. Atakata ngapi hakusema.

Ya kwanza kumaliza nilitia ku fimbo ya ufagio, mutoto akaisimamisha mbele ya atelye tuangalie. Inapanda. Mama wa mikate alikuwa anapita na beseni, akasimama djuu, shingo imenyooka, asema "fundi, niende ao bado?"

Kisanga_243 (Kolwezi)

Moja unauzisha ngapi? Nataka mbili, za bleu ya mawingu