Naombeni ushauri: hadithi yangu ya mahali ambapo uchakavu unarudi nyuma

Mtoto wa Pwani:
Wakuu, habari zenu. Naandika hadithi ya kubuni ya kisayansi na nimekwama. Inatokea Kilwa Kisiwani, kwenye magofu. Karibu na Husuni Kubwa, gofu la jumba la kale la masultani, kuna eneo dogo ambamo vitu haviozi wala havichakai, bali vinarudi vilivyokuwa. Lipu iliyobanduka inapanda ukutani, msumari ulioliwa na kutu unang'aa, samaki aliyeanza kunuka anakuwa mbichi. Ukitoka nje ya eneo hilo, dunia ni ileile. Wenyeji wanauita Mrejeo.

Kilwa sikuichagua kwa bahati. Magofu yale yaliingia Urithi wa Dunia mwaka 1981, yakawekwa kwenye orodha ya yaliyo hatarini mwaka 2004, na yakatoka humo mwaka 2014 baada ya ukarabati. Bahari inazila kuta zile, na nataka mno msomaji aone ukuta unaopona.

Rafiki aliyesoma rasimu anasema haina kanuni, lolote linaweza kutokea. Nisaidieni, Mrejeo uwe na sheria zipi? Sitaki kusema ni uchawi halafu basi.

Ticha wa Fizikia:
Mkuu, wazo lako lina miguu. Kanuni ya pili ya thamodinamiki, yaani elimu ya joto na nishati, haikatazi mpangilio kuongezeka mahali pamoja. Inadai tu kwamba vurugu iongezeke zaidi kwingine. Friji inapoza samaki ndani huku mgongo wake ukitoa joto jikoni. Kwa hiyo Mrejeo lazima ulipe, na uamue unalipia wapi.

Chukua kutu. Kuirudisha kilo moja ya kutu kavu iwe chuma kunataka nishati ya megajuli 5 hivi, inayotosha kuchemsha lita 15 za maji. Zitatoka pia gramu 300 za oksijeni. Oksijeni hiyo ikirundikana humo ndani, kibatari kitawaka kwa ukali wa kutisha. Na joto linalotupwa nje je? Likienda baharini, wavuvi ndio watakaokuwa wa kwanza kujua. Anza hadithi kwa hao.

Mtoto wa Pwani:
Ahsante sana, ticha. Na nikiweka kiumbe asiyeonekana anayepanga chembe moja moja, si ataikwepa gharama?

Ticha wa Fizikia:
Hataikwepa. Mwanafizikia James Clerk Maxwell alimfikiria kiumbe wa namna hiyo mwaka 1867: amekaa mlangoni, anapitisha chembe zenye kasi upande huu na za polepole upande ule. Ilionekana kama anapata mpangilio bila kulipa, na hilo liliwasumbua wanasayansi miaka mingi. Mwaka 1961 mwanafizikia Rolf Landauer akaonyesha kwamba kufuta kumbukumbu lazima kutoe joto. Kiumbe wako atahitaji kukumbuka kila chembe ilikuwa wapi, na kichwa kikijaa itabidi afute. Hapo ndipo deni linapolipwa.

Fundi Chokaa:
Kijana wangu, mimi ni fundi wa majengo ya kale, nami nina swali kubwa kuliko hayo ya joto. Kwa nini Mrejeo uishie kwenye ukuta, usirudi nyuma zaidi?

Chokaa yetu ya asili ni matumbawe. Tunayachoma kwa magogo mpaka hewa ya ukaa iyatoke, unabaki unga mkali unaounguza mkono. Tunaumwagia maji, tunauacha ulale. Ukipiga lipu, taratibu inavuta tena hewa ya ukaa na kuwa jiwe. Sasa rudisha nyuma. Kabla ya lipu kuna tanuri. Kabla ya tanuri kuna mwamba wenye uhai baharini. Boriti za mikoko nazo zitatoa majani. Huo ukuta unaoupenda, kwa upande wa tumbawe, ndio uharibifu wenyewe. Nani anauambia Mrejeo, "Basi, ishia hapa"?

Mama Shamba:
Fundi kasema kweli tupu. Nami naongeza la shambani: uozo ni chakula. Makuti yasipooza chini ya mnazi, mche mpya utakula nini? Weka bustani ndani ya Mrejeo, na ionekane haioti kitu kipya. Halafu mwanangu, fikiria mama anayeingia humo na mtoto mchanga mgongoni. Mtoto atakua, au atarudi nyuma? Mimi ningesoma hadithi nzima kwa ajili ya huyo mama.

Mtoto wa Pwani:
Shikamoo, fundi, na shikamoo, mama. Mmenifungua. Nimeamua hivi: Mrejeo haukomi wenyewe. Lazima awepo fundi ndani, anayeujua ukuta kwa mikono yake, na pale anapoondoka mawe yanaanza kurudi kuwa matumbawe. Joto linakwenda baharini, na wavuvi wanamdai fundi jibu. Kiumbe asiyeonekana nimemwondoa.

Fundi, nikuulize: lipu mpya huchukua muda gani kuiva mpaka mtu aweze kuiacha bila mashaka?

Fundi Chokaa:
Juu inashika upesi, ila ndani ya ukuta mnene inaendelea kuiva kwa miaka. Mpe fundi wako mwanafunzi, la sivyo atanasa humo maisha yake yote.

Mtoto wa Pwani:
Namwandika mwanafunzi leo usiku. Mama, swali la mtoto bado sina jibu lake, mwenye wazo aliweke hapa.