Naombeni msaada: maneno ya Kiingereza yanayoandikwa hivi, yakasomwa vile

Kijana wa Kirumba: Wakuu, habari za jioni. Nimepata kibarua kwenye boti inayopeleka wageni kisiwa cha Saanane kutoka Capri Point, hapa Mwanza. Bosi kanipa karatasi ya maneno ya kukariri, Jumatatu ananisikiliza. Mengine ndiyo kwanza nayaona: quay, buoy, gunwale, draught, hyrax, kopje. Hapa mtaani kila mtu ana lake. Hiyo quay mmoja anasema "kwei", mwingine "kuai". Nisaidieni nisije nikaumbuka mbele ya wageni.

Ticha wa Nyegezi: Wote wamekupoteza. Quay ni gati, na inasomwa "kii", sawasawa na key ya ufunguo. Zamani Waingereza waliiandika kwa k, baadaye wakaiga maandishi ya Kifaransa, midomo ikabaki palepale. Gunwale ni ule ukingo wa juu wa ubavu wa boti, pale abiria wanapopenda kukaa na wewe unawakataza. Soma "gan'l", ikifanana mwisho na tunnel, w imemezwa. Enzi za meli za vita, mizinga ilikuwa ikiegemezwa hapo. Draught ni kina ambacho chombo kinazama majini. Hiyo gh ni f: "draaft".

Mtoto wa Igogo: Ticha umeruka buoy, yaani boya. Mwingereza anasema "boi", Mmarekani "bu-i". Chagua moja, usibishane na mtu aliyelipa nauli.

Nahodha Mstaafu: Mdogo wangu, gunwale ijue ila usiitumie kwa abiria. Mjerumani naye Kiingereza amekisomea darasani kama wewe. Boti ikiyumba sema side of the boat, onyesha kwa mkono, mambo yaishe.

Mama Pimbi: Nahodha kasema kweli. Mimi nakuja na hyrax: "hairaksi". Ndiyo hao pimbi wanaoota jua kwenye mawe ya Saanane. Waambie wageni kwamba ndugu yake wa karibu ni tembo, utaona simu zinavyotoka mifukoni! Kopje ni kilima cha mawe, soma "kopi". J haisomwi kama ya Kiingereza kwa sababu neno lenyewe ni la Kiholanzi, maana yake kichwa kidogo. Waliopitia Serengeti watakuwa wamelizoea.

Kijana wa Kirumba: Wabeja sana wakubwa! Nimegeuza karatasi, kumbe nyuma kuna leeward. Bosi mwenyewe anaitamka "liiwadi".

Ticha wa Nyegezi: Ni upande ule upepo unakoelekea. Watu wa nchi kavu wanasema hivyo hivyo kama bosi wako, na kamusi zinakubali. Mabaharia wanasema "luu-ad".

Nahodha Mstaafu: Jumatatu sema ya bosi. Ukishapata mshahara wa kwanza, sema ya mabaharia.