MREJESHO: ile bluu nzito ya mrututu na magadi

Habari wakuu, niliuliza humu kwa nini mrututu (kopa salfeti) nikiutia kwenye maji ya magadi (sodiamu kaboneti) makali unatoa bluu nzito inayong'aa wakati kitabu kinasema utatoka uchafu wa kijani, na wengi mkasema kuna amonia imeingia, maana nayo huipa shaba bluu nzito. Nimepima, amonia haimo, nilichemsha magadi yenyewe na harufu hakuna kabisa.

Kinachotokea ni hivi, magadi yakiwa kidogo shaba inashuka chini kama kaboneti yenye haidroksaidi, ile ile ya malakaiti (madini ya kijani ya shaba), lakini magadi yakizidi sana kila ayoni (chembe yenye chaji) ya shaba inakamatwa na kaboneti mbili, inakuwa Cu(CO3)2 yenye chaji hasi 2, na hiyo inayeyuka ndo maana maji yanabaki bluu bila tope. Nikaongeza maji mengi, utando wa kijani ukaanza kurudi polepole pembeni mwa glasi, aisee nilifurahi sana. Ukidondoshea siki linatoka povu la CO2 na bluu inapauka hapo hapo.

Na kuna zaidi, ayoni hii ya shaba na kaboneti ikiungana na sodiamu inakuwa madini ya bluu, chalkonatronaiti, yamekutwa hadi kwenye shaba nyeusi za kale za Misri.

Aliyesema nijaribu na potasiamu kaboneti asante sana mkuu, bluu yake imekolea kuliko ya magadi. Mrututu ni sumu, vyombo vya jikoni msitumie.